UZI: Jina CONSOLATA, Waitaliano wenyewe eti karibu wameliacha, sisi tumebaki nalo. Wenye mama, bibi na shangazi wa jina hili njooni hapa

Mkinga_wa_Kkoo (mtoa mada)

Habari za jioni wakuu. Niende moja kwa moja maana niko dukani, mteja akiingia naacha hapahapa.

Waifu ana mimba ya miezi saba, ultrasaundi imesema ni binti, na mimi tangu siku nyingi nilishasema binti wangu wa kwanza atabeba jina la marehemu mama yangu, Consolata. Mama ni mtu wa Makete, kabatizwa na padre Mtaliano enzi hizo za barabara ya vumbi. Sasa juzi nimemkumbusha waifu, kacheka mpaka kashika tumbo. Anasema hilo jina la masista, mtoto atafika shule wenzake wanaitwa sijui Kayla sijui Ariana, yeye anaitwa kama parokia. Nikamwambia hiyo parokia ndo imepewa jina la mtu, siyo mtu kapewa jina la parokia. Akasema vyovyote vile.

Kucheka siyo shida. Shida aliniuliza, "haya, maana yake nini?" nikakosa jibu wakuu. Mtu mzima na ndevu zangu, jina la mama nimelijaza kwenye fomu za shule, za benki, za leseni, mpaka kwenye msalaba wa kaburi nimeliandika kwa mkono wangu, na sijawahi hata siku moja kujiuliza lina maana gani. Jirani yangu hapa anayeuza vitenge akasema limetoka kwenye kukonsalti, yaani mtoa ushauri. Moyo ukakataa. Nikagugo, nikaletewa makonsoli ya kuchezea gemu.

Wajuzi wa lugha, mafrateri mlioacha njiani, mlioko Ulaya, nisaidieni. Maana yake, asili yake, na je huko kwao Italia bado wanaita?

---

Mchokonozi

Majina ya Kikinga yameisha mpaka mtoto abebe la Mzungu? Nauliza tu.

---

Binti_Sayuni

Nimekaa hapa mbele na chai yangu, ngoja waje wajuzi

---

Mkinga_wa_Kkoo

@Mchokonozi jina la Kikinga atapata, lipo tayari, hilo anatoa babu yake. Hapa naongelea jina la mama yangu. Kwangu halina Uzungu, ndo jina nililoitikia "abee" kwa niaba yake akiitwa dirishani hospitali.

---

Frateri_Mstaafu

Umeniita mkuu nimekuja, miaka sita seminari haikupotea bure.

Kwanza mwambie huyo wa vitenge akae na vitenge vyake. Konsalti ni neno jingine kabisa, kwa Kilatini consulere. Consolata linatoka kwenye consolari, kufariji, kutuliza mtu mwenye uchungu. Ule mwisho wa -ata ndo penyewe, sikiliza vizuri. Kiitaliano wana consolare, kufariji, halafu mwanamume aliyefarijiwa ni consolato, mwanamke ni consolata. Sisi tunafanya kwa herufi w tu: fariji, farijiwa. Kwa hiyo mama yako hakuitwa Mfariji. Mfariji wa kike kwa Kiitaliano ni consolatrice, kwa Kilatini consolatrix. Mama yako aliitwa ALIYEFARIJIWA.

Ukishaliona hili utaliona kila mahali. Chukua rejista ya ubatizo ya parokia yoyote ya Iringa, Njombe, Songea au Kilimanjaro, soma majina ya akina mama. Benedikta, aliyebarikiwa. Redempta, aliyekombolewa. Restituta, aliyerudishwa. Donata, aliyetolewa zawadi. Anunsiata, aliyepashwa habari, ni Maria yule siku ya malaika Gabrieli. Asumpta, aliyepalizwa mbinguni. Yaani kigango kizima mama zetu wametendwa, na siyo kule kutendwa kwa nyimbo za bongofleva, hapa katendwa jambo jema na aliyemtenda ni Mungu, hatajwi lakini yumo ndani ya kitenzi. Mimi siku naligundua hili nilikuwa kwenye kipindi cha Kilatini nasinzia, usingizi ukakata, nikaanza kuhesabu shangazi zangu.

Sasa kuna fumbo. Kwenye litania ya Bikira Maria kuna ule mstari wa kuwafariji wenye huzuni, Kilatini chake Consolatrix afflictorum. Anafariji, ndiye mtenda. Imekuwaje jina likageuka akawa ndiye aliyefarijiwa? Jibu liko Torino, kaskazini magharibi ya Italia, mkoa wa Piemonte. Maelezo yanayotolewa sana ni kwamba watu wa kawaida kule, wanaosema Kipiemonte chao cha mtaani, ile Consolatrix ya makasisi iliwashinda ulimi wakaikata wakasema la Consolà. Baadaye waliosoma wakaichukua Consolà wakaiandika kwa Kiitaliano sanifu, ikawa Consolata. Mtenda akageuka mtendwa, na hakuna aliyelalamika. Kanisa nalo likaweka maana juu yake: Maria alifarijiwa kwanza yeye na Mungu, ndo maana anaweza kufariji wengine.

---

Mchokonozi

Kwa hiyo jina zima ni kosa la matamshi 😂 asante kwa kuthibitisha

---

Frateri_Mstaafu

@Mchokonozi mtoa mada anauza duka wapi? Kariakoo. Kariakoo ni nini? Ni Carrier Corps ya Waingereza, kikosi cha wapagazi wa Vita ya Kwanza, wazee wetu wakaisema walivyoweza. Nenda kawaambie Kariakoo ni kosa la matamshi uone kama wataifunga.

---

Binti_Sayuni

Hapo umempiga ngwala 😂😂

---

Wa_Nyeri

Niaje wasee wa Bongo. Hii uzi imenipata vizuri, mimi ni wa Nyeri na huku Consolata ni kila mahali. Kathedro yetu ni Our Lady of Consolata, Mathari kuna Consolata Hospital, Nairobi pale Westlands kuna Consolata Shrine, na kila familia iko na Conso mmoja. Mimi niko na wawili, shosh (bibi yangu) na kasini.

Story ya vile jina ilifika: kule Torino kulikuwa na padre anaitwa Giuseppe Allamano, alizaliwa 1851 Castelnuovo. Kutoka 1880 ndiye alikuwa rekta, yaani msimamizi, wa sanctuary ya Consolata, kanisa la hija la huko. Huyu mzee alikuwa mgonjwamgonjwa, mwaka wa 1900 alikaribia kufa, akapona, na 29 Januari 1901 akaanzisha shirika la wamisionari na akalipatia jina la huyo Mama wa kanisa lake. Mei 1902 wa kwanza wanne wakatoka Torino, mapadre wawili na mabradha wawili, na mwisho wa Juni walikuwa Tuthu, huko Murang'a, kwa chief Karuri wa Gakure. Masista wakaanzishwa 1910. Yeye mwenyewe Allamano hakuwahi kukanyaga Afrika hata siku moja, alikufa 1926 hukohuko Torino. Ametangazwa mtakatifu 20 Oktoba 2024, na muujiza uliompitisha ulikuwa wa msee wa kabila la Yanomami kule Amazon ya Brazil, alirukiwa na jaguar 1996 ikamfungua kichwa, masista wa Consolata wakamwombea kupitia Allamano. Jamaa akapona akarudi msituni kwake.

Halafu huyo Frateri ametaja Carrier Corps nikashtuka. Kwetu kuna Sista Irene Stefani, wa Consolata, wazee walimwita Nyaatha, mama wa huruma. Alifika Kenya 1915, na wakati wa hiyo vita alikuwa nesi kwa hospitali za hao wapagazi. Alianzia Voi, halafu akaletwa huko kwenu, Kilwa, Lindi, Dar es Salaam. Wapagazi walikuwa wanakufa kama nzi, kuhara, malaria, vidonda, na wengi hata jina lao hakuna mtu aliandika vizuri. Baada ya vita akaenda Gikondi akafundisha watoto, alikuwa anavaa maviatu makubwa mazito anazunguka milima nayo. Akakufa 1930 baada ya kumhudumia mgonjwa wa tauni. Alifanywa Mwenyeheri Nyeri, 23 Mei 2015, mimi nilikuwa hapo, tulilala nje kwa baridi na mamangu na thermos ya chai. Kwa hiyo Mkinga, hiyo Kariakoo unauzia bidhaa, hao watu wa hiyo jina kuna sista wa Consolata aliwafunga vidonda.

---

Mkinga_wa_Kkoo

Wa Nyeri we acha tu. Nimefunga duka nusu saa nasoma. Miaka kumi na moja napanda na kushuka mtaa huu.

---

Mnyalu_Halisi

Niongezee upande wetu. Iringa walikuwepo Wabenediktini Wajerumani, vita ikawaondoa, ndo mwaka 1919 hawa wa Consolata wakaingia wakitokea Kenya. Tosamaganga pale ndo ngome yao. Ikonda kwenu Makete hospitali ya Consolata watu wanatoka Mbeya, Songea, mpaka Dar wanapanda milima kuifuata, hilo halina ubishi.

Lakini wakuu, mkitaja Consolata Tanzania bila kuwataja MARIA NA CONSOLATA mtakuwa hamjatenda haki. Wale mapacha walioungana, wamezaliwa Makete 1996, wakalelewa na masista, wakasoma mpaka wakaingia chuo kikuu hapa Iringa. Wamefariki Juni 2018. Nakumbuka siku ile mji ulivyokuwa kimya, bodaboda hawapigi honi. Ndoto yao ilikuwa kuwa walimu. Mimi kila nikisikia hilo jina sioni sista wala parokia, nawaona wale mabinti wawili wamevaa sare wanacheka. Mtoa mada mwambie waifu kuhusu hawa, Mtanzania gani asiyewajua.

---

Binti_Sayuni

Umeniliza Mnyalu. Pumzikeni kwa amani warembo.

---

Bin_Pangani

Assalaam aleykum jamani. Mimi si wa kanisani, nimevutwa na lugha tu. Hili neno letu faraja limetoka kwa Mwarabu, faraj, kule kufunguka kwa dhiki, mtu alikuwa kabanwa akapata pumzi. Pwani tuna kina Faraji tele, na bara watu wanaita Faraja wasichana na wavulana. Ukitaka la karibu zaidi na hilo la Kitaliano, kuna Salwa, Kiarabu ni kitulizo cha moyo, Unguja na Omani wapo kina Salwa kibao na ni jina zuri sikioni. Sikwambii umwite Salwa, nakwambia tu kwamba mama mkwe wa Kipemba na mama mkwe wa Kikinga wanaweza kukaa kwenye mkeka mmoja majina yao ni mamoja.

---

Mama_Buja

Huku Burundi na Rwanda tunaandika Consolate au Consolata, ni jina la kawaida sana, darasani kwetu walikuwa watatu, mwalimu alikuwa anaita Conso wa kwanza, Conso wa pili. Padri wetu alikuwa Mfaransa si Mtaliano, yeye alisema Consolate kwa kifaransa hivyo.

---

DadaTorino

Nimeunguza wali kwa ajili ya huu uzi. Mimi ni Mkenya, niko Torino mwaka wa saba, kazi yangu ni badante, ndivyo wanavyoita huku watu wa kutunza wazee. Na jina langu... ngojeni nimalizie.

Siku ya kwanza kwa huyu mama ninayemtunza sasa, ana miaka 88, mkali, hasikii vizuri. Mwanawe akanitambulisha, huyu ni Consolata. Yule bibi akaweka kijiko chini. Akauliza tena, come? yaani nani? Nikasema mwenyewe, Consolata. Akanishika mkono na kuniangalia muda mrefu, akasema shangazi yake mkubwa aliitwa Maria Consolata na tangu azikwe hajamsikia mtu mwingine anaitwa hivyo nyumbani kwao. Halafu akaniuliza nani alinipa jina la Torino. Nikamwambia nyanya yangu, Murang'a. Akacheka akalia kwa pamoja. Tangu siku hiyo hasemi badante, ananiita la mia Consolata, Consolata wangu.

Mtoa mada aliuliza kama huku bado wanaita. Kwa watoto wa siku hizi hapana, ni la nadra kabisa. Watoto wa chekechea ni Sofia, Aurora, Giulia, Ginevra, hao ndio kila uwanja wa kuchezea. Consolata utalikuta kwa wazee, na mara nyingi limekaa nyuma ya Maria, Maria Consolata. Ni sawa na dada zake kina Addolorata, Incoronata, Assunta, majina mazito yaliyobaki makaburini na kwa mabibi. Addolorata maana yake mwenye kujawa uchungu, sasa mama gani wa leo anampa mtoto jina hilo.

Kanisa lenyewe la Consolata liko katikati ya mji mkongwe, ninapita hapo Jumapili. Kwa nje si la kutisha, kando lina mnara mzee wa matofali uliobaki kwa kanisa la zamani la Sant'Andrea. Ndani ni dhahabu na marumaru mpaka macho yanauma, alilichora Guarino Guarini kuanzia 1678, wengine wakaongezea. Kuna malkia wawili wa marumaru nyeupe wamepiga magoti, mama mkwe na mkaza mwana wa ukoo wa kifalme wa Savoia, Maria Teresa na Maria Adelaide, walikufa mwezi mmoja, Januari 1855, wakipishana siku chache. Lakini mimi sipendi huko kwa malkia. Napenda ukumbi wa pembeni wenye picha za shukrani. Ukuta mzima toka chini hadi juu umejaa vipicha vilivyochorwa na watu wa kawaida: mtu anaanguka kutoka kwenye ngazi, farasi amemkanyaga mtoto, mwanamke kitandani na familia wamepiga magoti, askari vitani, na juu kwenye kona kuna kawingu na Mama amekaa ndani yake anaangalia. Chini wameandika P.G.R., per grazia ricevuta, kwa neema niliyoipokea. Uchoraji wenyewe ni wa ovyo, mikono mirefu kuliko miguu, na ndio unanimaliza. Ona, hata hapo ni kutendwa, Frateri. Neema imepokelewa.

Mkabala na mlango kuna mkahawa mdogo wa tangu 1763, wanauza bicerin, kahawa, chokoleti na malai kwenye glasi ndogo. Wenyewe walikuwa wanainywa wakitoka misa. Ni bei, lakini siku ya jina langu najinunulia. Huku jina lina sikukuu yake na watu wanakupongeza kama besdei. Ya Consolata ni 20 Juni, na jioni kuna maandamano, sanamu inatembezwa mjini. Siku hiyo utaona masista wa Kikuyu, wa Kihehe, wa Kikongo, na kila mtu akisikia jina langu ananibariki.

---

Mkinga_wa_Kkoo

Dada Consolata wa Torino, shikamoo. Najua huenda nimekuzidi umri lakini pokea tu, ni kwa ajili ya jina.

---

DadaTorino

Marahaba mwanangu 😂

Nilisahau. Kusini kabisa, Reggio Calabria, nako kuna Mama wa Faraja, Madonna della Consolazione, msafara wake ni Jumamosi ya pili ya Septemba. Kule jina lipo hata la kiume, Consolato. Sasa consolato kwa Kiitaliano ndilo neno la ubalozi mdogo, pale tunapofuata pasipoti. Nilikutana na mzee mmoja sebuleni kwa daktari, nesi akaita "Consolato!" nami nikasimama na makaratasi yangu nikidhani wamekuja watu wa ubalozi kutuhudumia. Mzee akasimama naye. Tukaangaliana.

---

Mchokonozi

Nimecheka kwa sauti ofisini, hapo nawapa. Ila swali la kweli: hiyo sanamu, picha, chochote kile, ina miaka mingapi? Maana nimesoma haraka naona wanasema kipofu aliiota mwaka 1104. Hadithi za kipofu na ndoto mimi huwa zinanipa shida.

---

Frateri_Mstaafu

Nilijua utafika hapo. Hadithi inasema kipofu wa Briançon, upande wa Ufaransa, aliota picha ya Bikira imefukiwa chini ya kifusi cha kanisa huko Torino. Akavuka milima ya Alpi na mtumishi wa kumshika mkono. Alipokaribia mji, mahali panaitwa Pozzo Strada, macho yakafunguka kwa kitambo, akauona mnara wa Sant'Andrea, yakafunga tena. Wakachimba alipoonyesha, picha ikatoka, na yeye akaona moja kwa moja, 20 Juni 1104. Ndo maana sikukuu ni tarehe hiyo.

Picha iliyopo leo si ya 1104, kanisa lenyewe halibishi. Ni ya mwishoni mwa miaka ya 1400, nakala ya picha ya Santa Maria del Popolo ya Roma. Kwa hiyo kama unatafuta ile aliyoichimbua kipofu hutaipata. Mimi linalonishika pale ni kile kitambo cha Pozzo Strada. Kapewa kuona mnara tu, kisha giza tena, na hakurudi nyumbani, kaendelea kutembea. Nani aliyetunga hadithi angefikiria kumpofusha mtu mara ya pili? Hiyo ni akili ya mtu anayejua faraja inavyokuja, inakuja kidogo halafu inakata.

---

Mchokonozi

Sawa frateri. Leo umeongea kama mtu asiyeacha seminari.

---

Mkinga_wa_Kkoo

Wakuu naleta majibu ya nyumbani. Jana usiku nimemsomea waifu uzi wote, bando limeisha katikati nikaongeza. Alipofika kwa wale mapacha alinyamaza. Kwa bibi wa Torino na kijiko akasema rudia hapo. Mwisho kauliza, "kwa hiyo mama mkwe aliitwa Aliyefarijiwa?" Nikasema ndiyo. Akasema, "mbona maisha yake yote hakuwahi kufarijiwa."

Nikakosa la kusema kwa mara ya pili. Ni kweli. Mama kazika mume akiwa na miaka 31, kalima viazi vya watu, katusomesha wanne, baridi ya Makete mnaijua wenyewe. Sikumwona akipumzika. Nimelala na hilo.

---

Wa_Nyeri

Pole bro. Shosh yangu pia vilevile.

---

Bin_Pangani

Ndugu yangu, jina la mtoto ni dua. Waliompa mamako walimuombea. Kama haikujibiwa yote kwake si vibaya ikaombwa tena.

---

Mama_Buja

👆🏾 Amina baba.

---

Mkinga_wa_Kkoo

APDETI. Wakuu samahani kwa ukimya wa miezi miwili. Binti kaja salama, kilo tatu na gramu mia mbili, sauti kama ya dalali. Anaitwa Consolata na waifu ndiye aliyelitamka mbele ya babu, mimi nilikuwa nimeshika beseni la uji. Jina la Kikinga kapata pia, hilo ni la ndani.

Vikwazo havikosi. Kadi ya kliniki wameandika Consolatha, na h. Nimerudi kuwaambia haina h, yule dada akaniambia wote waliotangulia wanayo h, ya kwangu itakuwa imesahaulika.

---

Frateri_Mstaafu

Hongera sana mkuu!! Na rudi hapo dirishani kesho, ile h inatoka kwa kina Agatha haihusiani kabisa. Cheti cha kuzaliwa kikitoka na h utazunguka maofisini mpaka mtoto aolewe.

---

DadaTorino

Mwache na h yake Frateri, Kipiemonte walikata ta nzima na Mama alikubali. Hongera baba Consolata! Nimemwambia bibi yangu, amesema apigwe picha. Tarehe 20 Juni nitamuwashia mshumaa pale kwenye vipicha, bicerin pia nitamnywea maana yeye ni mdogo.

---

Mkinga_wa_Kkoo

Asante dada. Picha nitakurushia inboksi.

Kuna kitu kimoja sikukifikiria. Mtoto ana siku tisa na waifu hawezi kumwita, kila akifungua mdomo ni jina la mama mkwe wake linamkwama. Mimi nilishazoea, namwita mama. Sasa naye kaanza kumwita mama. Usiku akilia tunaamka wote wawili tunaambizana, "mama kaamka, nenda wewe."

---

Binti_Sayuni

Na shemeji mtu si anamwita Conso?

---

Mkinga_wa_Kkoo

Tangu siku ya kwanza.